Busu Lililonaswa Kwenye Nta

Kilichoniponza ni adabu. Si adabu yangu, maana yangu haijawahi kumdhuru mtu. Ni adabu ya Bwana Ksawery Mirski, mwanamume mstaarabu kuliko wote Warsaw. Laiti Mungu angemjalia ukorofi hata wa kijiko kimoja, leo nisingekuwa nawaandikia haya.

Mlioanza nami mnanijua. Mimi ni Pelagia Trzaska, Pelasia kwa wanaonipenda. Mimi ndiye yule maiti aliyepiga chafya ndani ya jeneza hadi mazishi yakaanza upya. Mimi ndiye yule mtawa aliyedondoka kutoka kwenye gari la farasi, akaendelea kusali palepale matopeni kwa sababu hakuna aliyemwambia kwamba kamera imezimwa.

Lakini zaidi ya yote, mimi ni mgongo.

Miaka yote ya filamu bubu, Bi Olimpia Zawratyńska alipogeukia dirishani kulia, aliyekuwa akilia pale ni mimi, kwa mabega. Bi Olimpia haupendi mgongo wake. Anaupenda wangu. Wanaume wa Warsaw wameuota mgongo wangu na kumwandikia yeye barua.

Shangazi Wiktoria, ambaye ni dada wa baba yangu na mshona nguo za ndani za akina mama kule mtaa wa Praga, ng'ambo ya mto, hajawahi kuniamini.

"Ule ni mgongo tu," husema tukitoka sinema. "Mgongo hauna jina. Hata mimi ninao."

Basi akanipa sharti. Kule kwetu Grójec yupo Bwana Zenobi, mgane, mtengeneza majeneza, ambaye ameniulizia. Si mtu mbaya. Ila kila akiniona hunipima kwa macho kuanzia utosini hadi kisiginoni, na sijawahi kujua ananipimia shela au sanduku.

"Filamu sasa zinaongea," Shangazi akasema. "Nikiisikia sauti yako kwa masikio yangu haya, unabaki Warsaw, na chumba unacho. Nisipoisikia, unarudi Grójec kwa Zenobi. Shela nitashona mwenyewe."

Na wiki iliyopita niliwaacha pale mwongozaji wetu, Bwana Teofil Rajchert, aliponinyooshea kidole katikati ya kundi la watu wa kujaza picha.

"Wewe. Unajua kuongea?"

"Tangu utotoni, bwana."

"Inatosha."

Ndivyo nilivyopewa maneno. Nilikuwa mtumishi katika filamu ya *Kikombe cha Bi Mkubwa*. Ninaingia na sinia, naangusha kikombe, napiga magoti, nasema: "Nisamehe, Bi Mkubwa. Kosa ni langu." Basi. Ndiyo yote. Lakini yalikuwa yangu, na yalikuwa yanatoka mdomoni.

Nilifanya mazoezi nyumbani. Shangazi akawa Bi Mkubwa, ameketi nyuma ya cherehani, pini zimejaa mdomoni.

"Nisamehe, Bi Mkubwa. Kosa ni langu."

"Hapana. Unaomba msamaha kama mtu aliyekanyagwa yeye."

"Nisamehe, Bi Mkubwa. Kosa ni langu."

"Sasa unaomba kama unayedai kodi. Tena. Kila herufi mahali pake, mwanangu. Usimeze maneno, si uji."

Dirisha lilikuwa wazi na ua wa jengo letu unavuma kama kisima. Nilipofika mahali pa kulia machozi ya kweli, mke wa bawabu akachomoza kichwa upande wa pili.

"Wiktoria! Hebu msamehe huyo mtoto, watu tunataka kula!"

Nikajua niko tayari.

Studio yetu ilikuwa zamani ukumbi wa kufundishia farasi. Farasi waliondoka, harufu ikabaki. Pale ndani aliyekuwa mfalme si Rajchert tena. Alikuwa Mhandisi Sznuk, fundi wa sauti, mtu aliyefunikwa masikio kutwa nzima na ambaye hakuwa na haja ya kujua filamu inahusu nini. Maikrofoni aliificha ndani ya taa ya mezani. Sauti ilikwenda kwenye waya, waya ukaenda chumba cha pili, na huko sindano ikachora kila kitu juu ya sahani nene ya nta inayozunguka kama santuri.

Kilichochorwa kimechorwa. Nta haifutiki wala haikatiki. Ukikohoa mwishoni, umeharibu tangu mwanzo.

Siku ya kwanza Sznuk alipojaribu mtambo, tukasikiliza. Tulisikia mlango, tukasikia viatu, halafu tukasikia kitu ambacho hakuna aliyeweza kukitambua.

"Nini hicho?" akauliza Rajchert.

"Kama mtu anang'oa buti kwenye matope," akasema Sznuk.

"Au ng'ombe anakunywa maji," nikasema mimi.

Bwana Ksawery akawa mwekundu hadi masikioni. "Nadhani," akasema, "hapo ndipo nilipomsalimia Bi Olimpia."

Lilikuwa busu. Busu la mkononi, lile la heshima, ambalo Bwana Ksawery amewapa wanawake wa nchi hii tangu akiwa na suruali fupi. Miaka yote hatukujua lina sauti gani. Maikrofoni ikatuambia.

Rajchert akapanda juu ya kiti. "Kuanzia leo, ndani ya jengo hili, kubusu mikono ni marufuku!"

"Bwana Teofil," akasema Ksawery kwa sauti ya mtu aliyeambiwa avue nguo, "sasa mwanamke nimsalimie vipi? Nimpungie kama treni?"

"Mwinamie."

"Nikishainama nimeshafika kwenye mkono! Mdomo unakwenda wenyewe!"

Na kweli ulikwenda wenyewe. Alijaribu kushika mifuko, akashindwa. Mara mbili tulimkuta ameinamia glavu zilizosahaulika juu ya kiti. Mwishowe Rajchert akaamuru kwamba kila kamera ikiwaka, Bwana Ksawery ashike kofia mkono huu na bakora mkono ule, asibaki na cha kumshikia mwanamke.

Adabu hiyohiyo ilishatutia hasara kubwa zaidi. Sahani zetu za nta zilitoka Berlin kwa treni, zimefungwa kama mayai, nazo ziliwekwa juu ya kiti kizuri pembeni. Siku hiyo akaingia mama mmoja mshona mapazia, amechoka, hana pa kukaa. Bwana Ksawery angewezaje kuvumilia? Aliziondoa sahani, akampisha mama kiti, na sahani akaziweka mahali pa kwanza alipopaona patupu.

Palikuwa juu ya jiko la makaa.

Zikabaki sahani mbili tu.

Sasa nisikilizeni, maana hapa ndipo penyewe.

Siku ya tukio langu, Bi Olimpia alikuwa na hotuba ndefu kabla sijaingia. Bi Olimpia na maneno hawakuwahi kupatana. Kwenye filamu bubu, alipokuwa akifariki kwa mapenzi, midomo yake ilikuwa ikitaja vitu vya kununua sokoni: kabichi, siki, mifupa ya supu. Alivitaja kwa uchungu kiasi kwamba watu walizimia kwenye viti. Lakini hotuba hii alikuwa hajaimaliza salama hata mara moja. Kila jaribio aliboronga.

Taa nyekundu ikawaka. Nta ikaanza kuzunguka.

Nami nimesimama nyuma ya pazia na sinia, nikamsikia Bi Olimpia akisema hotuba yote. Yote! Bila kukwama, bila kabichi. Alikuwa anamwambia Bwana Ksawery, ambaye kwenye filamu ni mchumba wake, kwamba katika nyumba hii kila kitu kina mahali pake, watumishi na vikombe. Rajchert alikuwa amejishika kifua. Hata shomoro wa darini walinyamaza.

Nikaingia. Nikaangusha kikombe. Kilianguka vizuri sana.

Nikapiga magoti, nikaanza kuokota vipande kama nilivyofundishwa, na kipande kimoja kikanikata kidole. Damu ikachuruzika. Nami, kama mtu yeyote mwenye akili timamu na aproni nyeupe ya kuazima, nikauinua mkono juu ili nisiichafue.

Uliishia usawa wa kifua cha Bwana Ksawery.

Nilimwona anavyohangaika. Naapa nilimwona. Macho yake yaliutazama ule mkono wa mwanamke, umeinuliwa, unangoja, na jasho likamtoka. Kofia ikaanguka. Bakora ikaanguka. Akainama.

Mwaa!

Ng'ombe alikunywa maji yote.

Jamani, mimi nikaduwaa. Tangu nizaliwe hakuna mtu aliyewahi kunibusu mkono. Mimi ni mgongo! Nilibaki pale magotini, mdomo wazi, na yale maneno niliyoyalilia hadi ua mzima ukayajua kwa moyo yaliniruka kama kuku aliyeona kisu.

Kimya.

Na Bi Olimpia, aliyekariri kwamba baada ya kimya anaongea yeye, akanyanyua kidevu na kusema kwa utukufu:

"Nimekusamehe. Ondoka."

Taa ikazimika.

"Safi kabisa!" akapiga kelele Sznuk kutoka chumba cha pili. "Sauti safi! Hasa ile ya kunyonya!"

Rajchert alikaa chini sakafuni, juu ya vipande vya kikombe.

"Turudie, bwana," nikamwambia, machozi yananilengalenga. "Sijasema maneno yangu. Sahani moja ipo."

"Turudie?" akasema Bi Olimpia. "Nirudie *hiyo*? Sirudii. Hata akija Rais mwenyewe, sirudii."

"Hatorudia," Rajchert akanong'ona. "Amesema yote bila kukosea. Jambo hilo halitatokea tena duniani. Hotuba inabaki. Na busu linabaki nayo."

"Basi linabaki," akasema Sznuk. "Tatizo liko wapi?"

"Tatizo? Bwana wa ukoo mkubwa anambusu mkono mtumishi! Msichana ambaye hata hajaolewa! Nchi nzima itauliza imekuwaje!"

"Watasema ni kichaa," akasema Sznuk.

"Nchi hii mtu hawi kichaa kwa mkono wa mwanamke," akasema Ksawery, ameumia. "Mwanamume humbusu mkono mwanamke aliyeolewa. Hilo kila mtu analijua."

Rajchert akainua kichwa polepole. Nilimwona anapata wazo, na mawazo yake huwa yananiangukia mimi.

"Aliyeolewa," akasema. "Ndiyo! Ameolewa. Ameolewa na wewe, Ksawery! Kwa siri. Mtumishi ni mkeo. Kwa hiyo yeye ndiye Bi Mkubwa wa kweli, na kikombe kilikuwa chake, na ndiyo maana haombi msamaha! Mungu wangu, filamu imekuwa nzuri!"

Basi, kwa muda wa kama kuvuta sigara moja, nilikuwa mhusika mkuu.

Halafu Bi Olimpia akauliza kwa sauti ya chini, ile inayoogopesha: "Teofil, mpenzi. Kama huyu ndiye Bi Mkubwa, mimi kwenye nyumba ile ni nani?"

Rajchert akafikiri. Yule mtu ni mkweli, ndilo tatizo lake.

"Kwa mujibu wa hadithi, Bi Olimpia… ni kimada."

Nisiwachoshe na yaliyofuata. Kioo kilivunjika, pazia likachanika, ikavunjika na taa iliyokuwa haina maikrofoni.

Habari ilivuka mto kabla yangu. Nilipofika nyumbani nilimkuta Shangazi amesimama mlangoni, mkasi mkononi.

"Umebusiwa mkono?"

"Shangazi, ilikuwa ajali."

"Ajali ni tramu! Mbele ya watu wote, na Bwana Ksawery Mirski! Ua mzima unaniuliza umeolewa lini. Nimwambie nini Zenobi? Kwamba nilikushonea shela ukiwa mke wa mtu?"

"Mke wa kwenye filamu, Shangazi. Na hata hilo halijaamuliwa."

Akashusha mkasi. Halafu akauliza lile nililokuwa naliogopa.

"Na maneno yako? Uliyasema?"

Nikatazama viatu.

"Hee," akasema. "Mwaka mzima wa filamu inayoongea, na wewe umetoa mkono."

Aliingia chumbani, akatoka na kitambaa cheupe. Cha shela. Akakitandaza mezani, akaanza kukata.

Nilikwenda studio asubuhi yake kuaga tu. Nikakuta maua. Maua mlangoni, maua kwenye ngazi, keki ya mbegu za mpopi mezani, wageni wamevaa. Ilikuwa siku ya jina la Bi Olimpia, ile sikukuu ya mtakatifu wa jina lake ambayo kwetu husherehekewa kama siku ya kuzaliwa, na siku hiyo Bi Olimpia haombi chochote. Anapewa.

Rajchert akanivuta kwenye kona. Alikuwa anacheka na kulia kwa pamoja.

"Pelasia, malaika wangu! Nimepata njia. Bi Olimpia anarudi kazini. Haudhiki tena kuwa kimada kwa sababu si kimada. Wewe ni mtumishi kama zamani."

"Na busu?"

"Busu ulilitega."

"Nililitega vipi?"

"Kwenye hadithi! Mtumishi mjanja, ameinua mkono makusudi ili bwana ajisahau. Bwana hana kosa, ni mstaarabu tu. Bi Mkubwa anagundua, anamwita mtumishi, mtumishi anapiga magoti na kukiri. Tukio fupi. Sahani ya nta moja inatosha." Akanishika mabega. "Na anakiri kwa maneno gani? Hebu nikumbushe."

Nikanyoosha mgongo.

"Nisamehe, Bi Mkubwa," nikasema. "Kosa ni langu."

"Maneno yako, Pelasia! Yaleyale! Utayasema, mbele ya maikrofoni, na nchi nzima itakusikia."

Ningemkumbatia. Tayari mikono ilikuwa imenyanyuka. Ndipo Bi Olimpia alipopita na bakuli la keki, akasema bila kunitazama:

"Na ayaseme kwa dhati. Maana hatayasema kwenye filamu tu. Ananiambia mimi. Nimewaalika hawa wote waje kusikia."

"Anakuambia wewe nini, Bi Olimpia?" nikauliza.

"Kwamba ulimtega Ksawery. Unadhani sijui? Miaka yote umeniibia mgongo, sasa umeanza na mikono."

"Nimekuibia? Wewe ndiye uliyeuazima kwangu!"

"Msikie anavyojibu. Siku ya jina langu!"

Nikamgeukia Bwana Ksawery, aliyekuwa pembeni na kofia yake na bakora yake, macho yameshuka.

"Bwana Ksawery. Tafadhali waambie. Nani alimbusu nani?"

"Binti," akasema kwa huruma ya kweli, "mkono wako ulikuwa juu."

"Ulikuwa unatoka damu!"

"Mkono wa mwanamke ni mkono wa mwanamke. Fanya kwa ajili yangu. Mtu wa umri wangu akisemwa kwamba anabusu watumishi hovyo, nitaingia nyumba gani tena?"

"Na mimi nikisemwa kwamba nawatega wanaume kwa mikono?"

Alifikiri kwa makini. "Wewe hawakujui," akasema. "Hilo ni jambo la kushukuru."

Hakuwa na nia mbaya. Hata hapo alinipisha kiti.

Na kana kwamba maji hayajanifika shingoni, mlango ukafunguliwa akaingia Shangazi Wiktoria, amevaa kofia yake yenye cheri za bandia. Rajchert alikuwa amemtumia salamu. Alikuja kusikia kwa masikio yake, kama alivyoapa. Wakamketisha mbele kabisa na kipande cha keki.

"Wanasema leo unaongea," akaniambia. Alikuwa na uzi mweupe bado umemng'ang'ania kwenye mkono wa koti. "Kitambaa nimekata, lakini sijaunganisha. Sema vizuri, mwanangu. Sema ubaki."

"Shangazi, wanataka niseme kwamba ni kosa langu. La kweli. Kwamba nilimtega."

"Ulimtega?"

"Hapana."

Akatafuna keki. Akameza. "Ni maneno tu," akasema, ila hakunitazama.

"Kila mtu mahali pake!" akaita Rajchert. "Sahani ya mwisho! Akipiga mtu chafya namuua!"

Wakanifunga aproni. Wakanipigisha magoti juu ya zulia, karibu kabisa na ile taa ya mezani yenye sikio ndani. Bi Olimpia akaketi mbele yangu kama sanamu ya kanisani. Wageni wakanyamaza. Taa nyekundu ikawaka, na kule chumba cha pili nikasikia nta inaanza kuzunguka, *shhh*, kama mtu anayekuambia unyamaze.

"Una neno la kusema?" akauliza Bi Olimpia. Hayo ndiyo yalikuwa maneno yake yote, na aliyaweza.

Halafu akaongeza jambo ambalo halikuwa kwenye mazoezi. Aliunyoosha mkono wake, akauleta chini ya pua yangu, pete zote zikitazama juu. Nami nikaelewa, kama kila mtu aliyekuwa mle ndani alivyoelewa. Watumishi wa mashambani huwabusu mabibi zao mkono, wakiomba msamaha.

Nikautazama ule mkono. Nikamtazama Shangazi, midomo yake inachezacheza: *sema, sema*. Akilini nikamwona Bwana Zenobi ananipima. Nikayaona maneno yangu, mazuri, mafupi, yameketi kwenye ncha ya ulimi yakisubiri kutoka. Ningeyatema tu, na Warsaw ingekuwa yangu. Nikavuta pumzi.

"Bi Olimpia," nikasema.

Kwenye filamu jina lake halikuwa Olimpia. Rajchert akashika kichwa.

"Bi Olimpia," nikasema tena, polepole, kila herufi mahali pake, bila kumeza. "Mkono ulikuwa wangu. Damu ilikuwa yangu. Busu halikuwa langu. Siombi msamaha."

Bwana Ksawery alivua kofia, sijui kwa nini. Kupitia kioo cha chumba cha pili Sznuk akainua kidole gumba, sauti ilikuwa safi, maneno hayakumhusu. Bi Olimpia akabaki vilevile na mkono hewani, pete zote bado zinatazama juu. Shangazi Wiktoria akaweka sahani ya keki chini, akasimama mbele ya wote na kuanza kuvaa glavu zake, kidole baada ya kidole, na sikuweza kujua anajiandaa kunipeleka stesheni au kumpiga mtu.

Nta ilikuwa bado inazunguka. Rajchert alikuwa amepiga magoti nyuma ya kamera, amekunja mikono kama anayesali, na midomo yake inaniambia bila sauti: *rudia. Nta bado ina nafasi. Rudia vizuri. Nakuomba.*

Basi nikaisogelea ile taa, karibu, hadi nikahisi joto lake mdomoni, ili Sznuk asipate shida.

"Siombi msamaha," nikarudia. "Si leo, wala siku ya jina la mtu yeyote."